Barua Aliyoibeba Uria: Ni Nani Atawauliza Wakubwa?

SOMO LA BIBLIA LA MWEZI

Masomo: 2 Samweli 10:1-5, 2 Samweli 11:1-27, 2 Samweli 12:1-13, Ezekieli 33:1-9
Mstari wa kukariri: Mithali 31:8-9



 

Siku moja, baada ya kikundi cha Biblia cha Alhamisi, mama mmoja mzee alibaki ameketi wakati wengine wanatoka. Redio ya jirani ilikuwa inatangaza kwamba wajumbe wamekutana tena hotelini, katika mji mkuu fulani, kuzungumza habari za nchi yetu. Mama akatuuliza: "Wanangu, hawa wanaokaa mezani wakatuzungumza sisi, wakikosea, ni nani huwauliza?"

Hatukuwa na jibu la haraka. Tulimwambia tutalitafuta katika Neno. Somo la mwezi huu ndilo jibu letu kwake, na kwa kila mmoja wetu aliyewahi kujiuliza hivyo usiku, usingizi ulipokataa kuja.

Tuseme mapema: jarida letu si la siasa, na sisi ni wageni katika nchi iliyotupokea. Hatuandiki ili kuchochea hasira dhidi ya taifa lolote au kabila lolote. Lakini Biblia yenyewe inasimulia habari za wafalme, mabalozi na barua zao. Tukizinyamazia habari hizo, tutakuwa tumelinyamazia Neno.

1. BIBLIA INAWAJUA MABALOZI

Watu wengi husoma habari za Daudi na Bathsheba kuanzia sura ya 11. Sisi tuanze sura ya 10. Mfalme wa Waamoni alikufa, na Daudi akatuma wajumbe kwenda kumfariji Hanuni, mwana wa marehemu. Wakuu wa Waamoni wakasema hawa ni wapelelezi. Wajumbe wale wakanyolewa nusu ya ndevu, nguo zao zikakatwa, wakarudishwa kwa aibu. Kutokana na jambo hilo vita vilizuka.

Hapa tunajifunza kwamba tangu zamani mjumbe alistahili kulindwa. Wahenga wetu nao walisema mjumbe hauawi. Leo mataifa yameliandika jambo hilo katika Mkataba wa Vienna wa mwaka 1961: balozi hakamatwi wala hashitakiwi katika nchi aliyotumwa. Sababu yake ni njema. Kama wajumbe wakiogopa kwenda, mataifa yatazungumza kwa mizinga tu. Basi kinga ya balozi si kitu kibaya. Ni boma linalolinda mazungumzo. Swali letu ni hili: mtu akijificha ndani ya boma hilo na kutenda mabaya, itakuwaje?

2. BARUA YA DAUDI

Vita vile vya Waamoni vikaendelea mpaka mwaka uliofuata. Jeshi likauzingira mji wa Raba, naye Daudi akabaki Yerusalemu. Yaliyofuata tunayajua: alimchukua mke wa Uria, mke akapata mimba, Daudi akatafuta njia ya kuficha, njia zikashindikana. Ndipo akaandika barua kwa Yoabu, jemadari wake, kwamba Uria awekwe mahali palipo vita vikali, kisha wenzake warudi nyuma.

Tuangalie mambo manne, taratibu.

Kwanza, Daudi hakushika upanga. Alishika kalamu. Siku ile Uria alipokufa, mfalme alikuwa mbali, kwenye kivuli cha nyumba yake.

Pili, barua ile aliibeba Uria mwenyewe (11:14). Alitembea safari nzima akiwa na kifo chake mkononi, naye hakujua. Ndugu zetu, hapo tuliposoma hatukuweza kuendelea upesi. Ni wangapi kati yetu waliobeba karatasi ambazo hawakujua zimeandikwa nini?

Tatu, Yoabu alisoma akatii. Hakuuliza. Na hakufa Uria peke yake. Mstari wa 17 unasema walianguka na watu wengine. Majina yao hatuyajui. Amri moja ya siri huwachukua hata wale ambao haikuwataja.

Nne, habari ilipofika, Daudi alimtumia Yoabu maneno laini ya kumtuliza, kwamba vita ndivyo vilivyo, upanga hauchagui (11:25). Hayo ndiyo maneno ya wakubwa wengi mpaka leo. Kosa la mtu linageuzwa kuwa hali ya dunia.

Lakini katika sura ya 12 Nathani anaingia. Anasimulia habari ya tajiri aliyemnyang'anya maskini mwana-kondoo wake wa pekee. Daudi anakasirika, anatoa hukumu, na Nathani anamwonyesha kwamba tajiri huyo ni yeye mfalme. Kisha katika mstari wa 9 nabii anamwambia waziwazi kwamba ni yeye aliyemwua Uria. Mbele za Mungu, umbali haukumtoa. Upanga wa Waamoni ulihesabiwa kuwa upanga wa Daudi.

3. MTOTO MKIMBIZI ALIYEKUWA MKUBWA

Tuchukue sasa mfano kutoka historia ya siku za karibu, ili tuone jambo hili likitembea duniani.

Mwaka 1923, katika mji wa Fürth nchini Ujerumani, alizaliwa mtoto Myahudi aliyeitwa Heinz Kissinger. Utawala wa Hitler ulipozidi kuwatesa Wayahudi, wazazi wake walikimbia naye mwaka 1938, akiwa na miaka 15. Walifika New York. Kijana yule alifanya kazi katika kiwanda cha brashi za kunyolea ndevu, na kusoma jioni. Jamaa zake waliobaki Ulaya, kadhaa waliuawa. Basi alikuwa mkimbizi kama sisi, na aliyajua yale tunayoyajua.

Akaitwa Henry. Akasoma, akawa profesa wa Chuo Kikuu cha Harvard. Januari 1969 akawa mshauri wa Rais Nixon wa Marekani katika mambo ya usalama wa taifa, na kuanzia Septemba 1973 mpaka Januari 1977 alikuwa Waziri wa Mambo ya Nje. Kwa miaka hiyo, watu wachache sana duniani walikuwa na kalamu nzito kama yake.

Wakati ule nchi ya Pakistan ilikuwa na sehemu mbili, Magharibi na Mashariki, na katikati yake ilikuwa India. Desemba 1970 ulifanyika uchaguzi. Chama cha Sheikh Mujibur Rahman, cha watu wa Mashariki, kilipata viti vingi kuliko vyote katika bunge la nchi nzima. Jenerali Yahya Khan, aliyetawala, hakumkabidhi madaraka. Usiku wa tarehe 25 Machi 1971 jeshi liliushambulia mji wa Dhaka. Walimu na wanafunzi waliuawa katika chuo kikuu, mitaa ikachomwa moto. Mauaji yakaenea vijijini kwa miezi. Serikali ya Bangladesh husema walikufa watu milioni 3. Watafiti wengine hutaja hesabu ndogo zaidi, nao hutaja malaki ya watu. Watu karibu milioni 10 walikimbilia India. Mvua ziliwakuta njiani, kipindupindu kikawakuta kambini. Karibu na Calcutta, familia ziliishi ndani ya mabomba makubwa ya saruji yaliyokuwa yakingoja kuzikwa ardhini.

Marekani ilikuwa rafiki wa Yahya Khan, na silaha nyingi za jeshi lake zilikuwa za Marekani. Nixon na Kissinger waliamua kutombana. Sababu kubwa ilikuwa hii: Yahya alikuwa akiwapelekea ujumbe wa siri nchini China, nchi ambayo Marekani haikuwa na uhusiano nayo kwa zaidi ya miaka 20. Julai 1971 Kissinger alifika Pakistan, ikatangazwa kwamba anaumwa tumbo, kumbe amepanda ndege kwenda Beijing kwa siri. Februari 1972 Nixon mwenyewe alikwenda China, na dunia ikashangilia.

Tumtendee haki mtu huyu. Mpaka alipokufa, Novemba 2023, akiwa na miaka 100, alijitetea kwamba mlango wa China ulikuwa jambo kubwa kwa amani ya dunia, na kwamba kelele za hadharani zisingemzuia Yahya. Ni kweli kwamba mlango ule ulipunguza uhasama kati ya mataifa makubwa. Hatusemi hakufanya jema. Daudi naye alifanya mema mengi. Swali la Nathani halikuhusu mema yale. Lilihusu mwana-kondoo: bei ya jambo hili kubwa imelipwa na nani, naye aliulizwa?

4. MLINZI WA DHAKA

Sasa tusome Ezekieli 33:1-9. Mlinzi akiona upanga unakuja asipige tarumbeta, damu itadaiwa mkononi mwake. Akipiga nao wasisikie, yeye ameiponya nafsi yake.

Pale Dhaka, mkuu wa ofisi ya ubalozi mdogo wa Marekani aliitwa Archer Blood. Naye alizaliwa mwaka 1923, mwaka uleule wa Kissinger. Aliona maiti, alisikia risasi, aliwaficha watu. Akaanza kupeleka Washington taarifa za kila siku za yale aliyoyaona, hata akatumia neno mauaji ya kimbari. Jibu likawa kimya. Ndipo tarehe 6 Aprili 1971 ikatumwa telegramu iliyotiwa sahihi na Wamarekani 20 waliofanya kazi pale, wakisema kwamba hawakubaliani na siasa ya serikali yao, na kwamba serikali imeshindwa kulaani maovu. Blood aliunga mkono maneno yao na kuituma.

Hawakuwa waasi. Hawakupeleka siri kwa adui. Walitumia njia iliyoruhusiwa na wizara yao kwa watumishi wenye mawazo tofauti. Hata hivyo Kissinger na Nixon walikasirika sana. Blood aliondolewa Dhaka, akapewa kazi ya ofisini Washington. Alifariki mwaka 2004 bila kufika pale ambapo watu wa uwezo wake hufika.

Alipoteza nini, na alipata nini? Telegramu yake haikuzuia mauaji. Vita kati ya India na Pakistan vilikuja Desemba, na tarehe 16 Desemba 1971 jeshi la Pakistan lilisalimu amri mjini Dhaka. Bangladesh ikawa huru. Katika vita hivyo Nixon na Kissinger walifanya mpango ndege za kivita zipelekwe Pakistan kupitia Jordan na Iran, ingawa walionywa na maofisa wao kwamba ni kinyume cha sheria. Tunayajua hayo kwa sababu mazungumzo ya ofisini mwa Nixon yalinaswa kwenye kanda, na miaka mingi baadaye kanda zikafunguliwa. Na tunajua kwamba hawakukosa habari, kwa sababu telegramu ya Blood ipo. Hakuna awezaye kusema: hatukuambiwa.

Hiyo ndiyo kazi ya tarumbeta. Wakati mwingine haiokoi mji, lakini inaondoa udhuru wa kutojua.

Tumtaje na mwingine. Agosti 1971 Seneta Edward Kennedy alikwenda mwenyewe kwenye kambi za India, akatembea katika matope na kuwasikiliza watu, kisha akarudi kwao kuitolea ripoti kamati ya Seneti. Hakungoja karatasi zimfikie mezani.

5. KARIBU NA KWETU

Labda mtu atasema: Dhaka ni mbali. Basi tuje Burundi, mwaka 1972, jambo ambalo wazee wengine waliopo kati yetu waliliona kwa macho.

Aprili 29 uasi ulianza, na Watutsi wengi waliuawa na waasi kusini mwa nchi. Kisha serikali ya Micombero ikalipiza kwa miezi, ikiwatafuta hasa Wahutu waliosoma: walimu, wanafunzi, wachungaji, makarani. Hesabu zinazotajwa mara nyingi ni kati ya watu laki moja na laki tatu. Maelfu kwa maelfu walikimbilia Tanzania, wakafungua misitu ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Hatuyataji haya ili kabila moja limnyoshee kidole jirani yake wa kwenye mstari wa maji. Tunayataja kwa sababu ya waliokuwa mezani.

Ubalozi wa Marekani mjini Bujumbura ulipeleka taarifa. Ofisi ya Kissinger ilikuwa Washington ileile. Misaada ya chakula na dawa ilitolewa, lakini hadharani serikali ile haikupaza sauti, ijapokuwa Marekani ndiyo iliyonunua sehemu kubwa ya kahawa ya Burundi. Mwaka 1973 taasisi ya Carnegie ya Marekani ilitoa ripoti juu ya ukimya huo. Jina lake kwa Kiswahili ni kama kusema "Kupita Kando". Msomaji wa Luka 10 atamkumbuka mara moja kuhani na Mlawi, waliomwona mtu barabarani wakapita upande mwingine.

Lakini tusiwalaumu wa mbali tu. Mei 1972, mauaji yakiendelea, Katibu Mkuu wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika, Diallo Telli wa Guinea, alifika Bujumbura na kutangaza kwamba umoja huo uko pamoja na Rais Micombero. Sheria ya umoja ilisema nchi isiingilie mambo ya ndani ya nchi nyingine, na viongozi wengi waliitumia sheria hiyo kama pazia. Miaka minne baadaye Telli mwenyewe alikamatwa kwao, akatiwa katika gereza la Camp Boiro mjini Conakry. Mwaka 1977 alikufa humo kwa kunyimwa chakula na maji. Nalo hilo lilihesabiwa kuwa jambo la ndani ya nchi.

Hatusemi kwamba Mungu alimlipiza. Tunamlilia, maana alikuwa mwana wa Afrika na alifia gizani. Tunasema tu kwamba pazia unaloshona kuwafunika wengine, siku moja laweza kukufunika wewe. Afrika ilijifunza polepole. Mwaka 2000, katika katiba ya Umoja wa Afrika, viongozi waliandika kwamba umoja una haki ya kuingilia kati pale penye mauaji ya kimbari, uhalifu wa kivita na uhalifu dhidi ya ubinadamu. Kuandika si kutenda, lakini ni bora kuliko pazia.

6. JE, SHERIA INAWEZA KUWAULIZA?

Tuliahidi kumjibu mama yetu, basi tueleze.

Mwaka 2000 jaji wa Ubelgiji alitoa hati ya kumkamata Abdulaye Yerodia Ndombasi, aliyekuwa wakati ule Waziri wa Mambo ya Nje wa Kongo. Alituhumiwa kuchochea chuki dhidi ya Watutsi kwa maneno aliyosema mwaka 1998, kabla ya kupata wizara hiyo. Kongo ilikwenda kwenye Mahakama ya Haki ya Kimataifa mjini The Hague. Februari 14, 2002 mahakama iliamua kwamba Ubelgiji imekosea: waziri wa mambo ya nje, akiwa bado kazini, hakamatwi wala hashitakiwi na mahakama ya nchi nyingine. Haikuamua kama tuhuma zenyewe ni za kweli au si za kweli.

Wengi walisikitika. Lakini mahakama ilisema jambo jingine ambalo tunapaswa kulishika: kinga si msamaha. Ikaonyesha njia nne. Anaweza kushitakiwa katika nchi yake mwenyewe. Nchi yake inaweza kumwondolea kinga. Akishaacha kazi, mahakama za nchi nyingine zinaweza kumshitaki kwa baadhi ya matendo. Na mahakama za kimataifa zenye mamlaka zinaweza kumwita. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, iliyoanza Julai 2002, imeandika katika sheria yake kwamba cheo hakimwokoi mtu.

Kissinger hakuhukumiwa na mahakama yoyote. Mei 2001, alipokuwa Paris, jaji wa Ufaransa alimpelekea wito hotelini ili aulizwe kama shahidi kuhusu Wafaransa waliopotea nchini Chile wakati wa Jenerali Pinochet. Hakwenda kujibu, aliondoka Ufaransa.

Lakini wakati mwingine swali lina maisha marefu kuliko mwenye kuulizwa. Patrice Lumumba aliuawa Januari 1961. Miaka 40 ilipita. Mwaka 2001 kamati ya bunge la Ubelgiji ilisema mawaziri na watumishi wengine wa Ubelgiji walikuwa na wajibu wa kimaadili katika kifo chake, na Februari 2002 serikali ile iliomba radhi. Juni 2025 waendesha mashitaka wa Ubelgiji waliomba mzee wa miaka 92, aliyekuwa mwanadiplomasia kijana Kongo wakati ule, apelekwe mahakamani. Kuombewa kesi si kuonekana na hatia. Lakini tazameni: baada ya miaka 64, mtu bado anaulizwa, barua ile ilipitia mkononi mwa nani?

7. NA SISI JE?

Hapa ndipo tulipotamani kufunga somo. Tungekuwa tumesema habari za wakubwa, tukaenda nyumbani tukiwa wasafi. Roho Mtakatifu hakuturuhusu.

Miaka michache iliyopita kanisa letu lilipokea mablanketi kutoka kwa marafiki. Hayakutosha. Wazee watano tulikaa chini ya mti tukaandika orodha. Hatukumchukia mtu. Lakini majina yaliyotujia kwanza yalikuwa ya watu wa lugha yetu, na ya wanaokaa karibu na kanisa. Katibu wetu, kijana, akainua kalamu akauliza: "Wazee, mbona simwoni hata mjane mmoja wa ng'ambo ya kijito?" Tulimwambia aandike anachoambiwa. Akaandika.

Mvua za mwaka ule zilikuwa na baridi kali. Mjane mmoja wa ng'ambo alilala na watoto wake chini ya magunia ya posho. Mtoto wake mdogo aliugua kifua, akalazwa majuma matatu. Mungu alimponya. Hatujui kama blanketi lingezuia ugonjwa ule. Tunajua kwamba hatukumpa.

Tulipokwenda kumwomba radhi, alitutandikia mkeka. Alitusikiliza mpaka mwisho, kisha akasema: "Nilidhani hamkujua kwamba tupo. Kumbe mliambiwa."

Ndugu, neno hilo halijatuacha. Kijana yule alikuwa mlinzi wetu wa Dhaka, nasi tulimnyamazisha. Mti wetu ulikuwa meza ya wakubwa. Mtu hahitaji kuwa waziri ili aandike barua ya Daudi. Mkalimani anayefupisha maneno ya mtu mbele ya afisa ameshika kalamu hiyo. Kiongozi wa mtaa anayejua jina limekatwa kwa makosa akanyamaza ameshika kalamu hiyo. Anayeandika habari za jirani kwenye karatasi, na jirani hajui kusoma, anamtuma Uria na barua.

Tangu hapo tumeweka utaratibu. Orodha ya kitu chochote hubandikwa mlangoni mwa kanisa siku tatu kabla ya kugawa. Kila mtaa huwa na watu wawili katika kamati, mmoja wao mwanamke. Anayeandika majina hagawi. Lalamiko lolote huandikwa kwenye daftari na kujibiwa, hata kama jibu ni hapana. Utaratibu huu umetupunguzia heshima kwa watu fulani waliozoea kupewa kwanza. Umeturudishia usingizi.

Mama yetu mpendwa, jibu letu ndilo hili. Wakubwa huulizwa na mahakama mara chache, na mabunge mara chache, na historia kwa kuchelewa. Mungu huwauliza wote bila kukosa. Lakini swali linalookoa watu ni lile linaloulizwa mapema, barua ikiwa bado mezani, na anayeweza kuliuliza mara nyingi ni mdogo aliye karibu: karani, katibu, dereva, mke, mjumbe. Basi kanisa na liwe mahali ambapo wadogo wanajifunza kuuliza kwa adabu, na wakubwa wanajifunza kuulizwa bila hasira. Daudi alikosa sana, lakini Nathani aliposema, hakumfukuza. Alikiri. Kwa hiyo Zaburi ya 51 ipo mpaka leo.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA VIKUNDI

1. Kwa nini ni vema mjumbe alindwe? Kinga hiyo inageuka kuwa pazia wakati gani?
2. Yoabu angeweza kufanya nini alipoisoma barua? Ingemgharimu nini?
3. Kissinger alikuwa mkimbizi utotoni. Je, kuteseka peke yake kunamfanya mtu awe na huruma? Tunafanya nini ili mateso yetu yasiwe bure?
4. Archer Blood alitumia njia iliyoruhusiwa. Hapa makazini, njia zetu halali za kusema ni zipi? Nani anaogopa kuzitumia, na kwa nini?
5. Katika familia, kamati au kwaya yako, ni nani hawezi kukuuliza swali? Utamfungulia mlango lini?

SALA

Ee Bwana, wewe unayeona barua kabla haijafungwa, wakumbuke wote waliokufa kwa kalamu za watu wasiowajua. Wape hekima na hofu yako wale wanaokaa mezani kwa ajili ya nchi zetu. Watie nguvu wadogo wanaoona na wanaotaka kusema. Na sisi, utuonyeshe orodha zetu tulizoandika vibaya, kabla mvua haijaanza. Katika jina la Yesu, Amina.

Mwezi ujao, Bwana akipenda: Ruthu, mgeni katika shamba la Boazi.